Nani Anasaini? Shajara ya Fundi wa Simu, Unguja

Jumatatu, 1 Septemba 2025

Katoni ya ami imefika kutoka Muscat. Imejaa Samsung Galaxy S5, simu zilizotoka mwaka 2014, ambazo ofisi yake imezitoa kazini. Karatasi iliyokuwamo ina maneno machache tu: zipelekwe skuli, watoto wazisomee. Nimezungumza na Maalim wa sayansi wa skuli ya mtaani kwetu, naye amekubali kuzipokea zikishakuwa tayari.

Kazi ya leo ilikuwa kufungua mifuniko ya nyuma. S5 ni ya zama zile ambazo betri ilitoka kwa ukucha, na chini ya betri kuna kibandiko chenye namba ya modeli. Kila kitu kinaanzia kwenye namba hiyo. SM-G900F ina prosesa ya Snapdragon 801, na ndiyo ambayo wajenzi wa LineageOS, mfumo wa Android wa kujitegemea, waliishughulikia kwa miaka. SM-G900H ina prosesa ya Exynos. Kwa nje ni pacha, ila mfumo uliojengwa kwa ajili ya moja hauwaki kwenye nyingine. Za H nimeziweka kando, betri zake zitazisaidia za F.

Nimewasha mojawapo kabla ya kufunga duka. Android 6.0.1, ya mwisho ambayo kiwanda kiliitolea. Kioo kizima, RAM ya GB 2, betri ya mAh 2800, laini inashika, spika inalia. Hakuna kilichovunjika. Lakini jaribu kuiwekea programu za leo: moja inakataa, ya pili inakataa, ya tatu inaingia kisha haifunguki. Kila wiki wateja wanakuja mezani kwangu na simu za namna hii, na mafundi tumezoea kuwajibu kwamba simu imezeeka. Jibu hilo halimwambii mtu chochote. Nataka kurasa hizi zinisaidie kupambanua, kila simu inapokataa programu, ni nani hasa anayekataa na kwa sababu gani.

Jumatano, 3 Septemba

Nimeanza na moja ili niandike hatua zote.

Simu ikiwa imezimwa, unabana kwa pamoja kitufe cha kupunguza sauti, cha nyumbani na cha kuwashia, nayo inaingia katika hali ya kupokea mfumo. Kutoka kwenye laptopu nimetumia programu ya Heimdall kuipelekea TWRP, yaani rikavari ya kujitegemea inayowezesha kuhifadhi na kufuta sehemu za ndani za simu. Alama ya Knox, mfumo wa usalama wa Samsung, imegeuka 0x1 na haitarudi 0x0 maisha yake yote. Huduma za Samsung zinazoitegemea Knox zimefungwa kuanzia hapo. Kwa simu ya skuli hatupotezi kitu, lakini mteja anayeleta simu yake mwenyewe lazima aambiwe kabla, si baada.

Kisha nimehifadhi EFS. Ni sehemu ndogo inayobeba IMEI na mipangilio ya redio. Ikiharibika, simu haishiki laini tena. Hapa kwetu IMEI ni jambo zito tangu Juni 2016, mamlaka ya mawasiliano, TCRA, ilipozizima simu bandia nchi nzima. Nimebonyeza *#06# na kulinganisha namba na ile ya kwenye kibandiko. Nakala ya EFS nimeiweka kwenye diski ya nje, kila simu na folda yake.

Baada ya hapo nimefuta data zote za mwenye simu wa zamani na kuweka LineageOS 18.1, ambayo ndani yake ni Android 11. Simu iliyoachwa kwenye 6 imeruka matoleo makubwa manne, 7, 8, 9 na 10, ikatua kwenye 11, kwa kazi ya watu ambao kiwanda hakikuwalipa. Ukoo wa mfumo huu unaanzia 2009, Steve Kondik alipotengeneza CyanogenMod kwa ajili ya HTC Dream. Kampuni iliyoundwa baadaye kwa jina hilo ilipozima mitambo yake Desemba 2016, wajitoleaji walibeba kazi hiyohiyo wakaipa jina la LineageOS.

Mbona tumekomea 11? Kiini cha Linux cha S5 ni 3.4. Kuanzia Android 12, ufuatiliaji wa matumizi ya mtandao unategemea teknolojia ya eBPF, inayohitaji kiini kipya zaidi. Huo ni ukomo wa kweli, wa kiufundi, na nauheshimu. Ninachotaka kutafuta ni ukomo mwingine, ule usio wa kiufundi.

Jumamosi, 6 Septemba

Maalim alipita baada ya adhuhuri.

“Asalaam alaykum, fundi.”

“Waalaykum salaam, Maalim. Karibu ukae.”

Aliishika simu, akaipekua kurasa zake, kisha akauliza swali ambalo kila mtu huliuliza: “Duka la Play liko wapi? Wanafunzi watazipata wapi programu?”

Nimemweleza habari ya 2009. Mwaka huo Google ilimwandikia Kondik barua ya kumtaka aache kusambaza programu zake za Gmail, Ramani na duka ndani ya CyanogenMod, kwa sababu msimbo wa Android uko wazi kwa yeyote lakini programu hizo ni mali yake yenye leseni. Tangu hapo mifumo ya aina hii huja bila Google, na anayeitaka huiongeza kama kifurushi cha pembeni, mara tu baada ya mfumo na kabla ya simu kuwaka mara ya kwanza.

“Kwa hiyo unaweza kuiweka?”

“Naweza, Maalim. Lakini itakula RAM, na kila simu itadai akaunti.”

Akatikisa kichwa. “Watoto hawa wengine hawana hata namba ya simu. Akaunti za nini? Niwekee vitu vya kusomea tu.”

Tumeandika orodha pamoja. Kiwix, ili Wikipedia ya Kiswahili isomeke bila bando. Organic Maps, ramani isiyohitaji mtandao, inayotumia data za OpenStreetMap. Unguja na Pemba zilipigwa picha kwa droni katika mradi wa ramani ulioanza 2016, na mitaa yetu ya Ng'ambo inaonekana humo hadi vichochoro. Na phyphox, programu ya Chuo Kikuu cha RWTH Aachen cha Ujerumani inayogeuza vihisi vya simu kuwa vifaa vya maabara. Hii ya mwisho imemfurahisha Maalim kuliko zote. S5 ina kipimo cha mchapuko, cha mzunguko, cha usumaku, hata cha mgandamizo wa hewa. Skuli ambayo wanafunzi wanagombea saa moja ya kupimia pendulamu itapata maabara ya mfukoni.

Jumanne, 9 Septemba

Leo nimesakinisha, na simu zimeanza kusema zinachokataa.

Faili la APK ukilifungua ni kifurushi cha ZIP cha kawaida. Ndani yake mna AndroidManifest.xml, hati inayotaja jina rasmi la programu, ruhusa inazoomba na toleo la chini la Android inaloweza kuishi humo. Mna classes.dex, ambayo ndiyo msimbo wenyewe. Mna picha na maandishi. Mara nyingi mna folda ya lib, yenye vipande vilivyoandikwa kwa lugha ya prosesa moja moja: armeabi-v7a kwa prosesa za biti 32, arm64-v8a kwa zile za biti 64. Na juu ya yote kuna saini ya mtengenezaji.

Kamusi moja ambayo Maalim aliipenda imekataa kuingia. Kwenye kioo simu inasema tu kwamba programu haijasakinishwa, maneno yasiyomsaidia mtu. Nikaipeleka kwa waya, kwa amri ya adb install kutoka kwenye laptopu, nayo ikataja sababu: INSTALL_FAILED_NO_MATCHING_ABIS. Snapdragon 801 ni ya biti 32, na faili nililolishusha lilikuwa na folda ya arm64-v8a peke yake. Mtengenezaji huyohuyo ana faili jingine lenye armeabi-v7a. Nimelishusha hilo, likaingia.

Nimejiwekea kanuni: usikubali ujumbe wa kwenye kioo, uliza kwa adb. Kioo humwambia mteja kwamba imeshindikana. Waya humwambia fundi ilishindikana wapi. Sababu ikiwa ni toleo dogo la Android, dawa ni mfumo mpya au toleo la zamani la programu hiyohiyo. Ikiwa ni prosesa, dawa ni faili jingine. Ikiwa ni saini, simama. Usitafute dawa mpaka ujue ni kwa nini.

Ijumaa, 12 Septemba

Kijana ameleta simu yake, si ya katoni, ila imeflashiwa, yaani imebadilishwa mfumo, vilevile na fundi mwingine. Rafiki yake alimrushia mchezo kwa Xender, programu ya kurushiana mafaili, na haukubali. Nilipouliza kwa waya, jibu lilikuwa kwamba kuna kipande kinachokosekana.

Hili litazidi kuonekana. Tangu Agosti 2021 duka la Play linazitaka programu mpya ziletwe katika muundo mmoja mkubwa, kisha duka lenyewe linaukata vipande kulingana na simu inayoomba: kipande cha msingi, cha prosesa, cha ukubwa wa kioo, cha lugha. Bando la mteja linapona, na hilo ni jema. Lakini ukichomoa faili la msingi peke yake kutoka kwenye simu ya rafiki, umebeba mlango bila bawaba. Lazima vipande vyote vije, tena vile vinavyoifaa simu inayopokea, na visakinishwe kwa mkupuo mmoja kwa adb install-multiple.

Zamani programu ilikuwa faili moja ambalo watu walirushiana barazani, mwenye bando akimgawia asiye nalo. Mabadiliko ya muundo yameondoa ugawanaji huo bila mtu yeyote kuupiga marufuku. Nimemweleza kijana, nikamwonyesha pia mchezo wa aina ileile kwenye F-Droid, ghala la programu za msimbo ulio wazi, ambako faili bado huja zima. Ameondoka nao.

Jumatatu, 15 Septemba

Leo nimekaa na saini, kwa sababu hapa ndipo mafundi wengi tunapita haraka.

Mtengenezaji wa programu ana ufunguo wa siri. Kabla ya kutoa APK anaisaini kwa ufunguo huo. Simu inaposakinisha kwa mara ya kwanza, inaikumbuka saini. Sasisho likija, simu haiulizi limetoka duka gani wala nani kalirusha. Inaangalia kama limesainiwa kwa ufunguo uleule. Kama sivyo, inakataa, hata jina na picha vikifanana. Kwa hiyo sasisho linaweza kupita kwenye kadi ya kumbukumbu, kwenye Bluetooth, kwenye mikono ya watu usiowajua, na bado simu ikajua kama limeguswa.

Kinachobaki bila ulinzi ni siku ya kwanza. Programu ikiingia mara ya kwanza ikiwa ya bandia, simu itailinda bandia hiyo kwa uaminifu uleule. Ndiyo maana WhatsApp zilizofanyiwa marekebisho, zinazozunguka mitaani kwa majina ya rangi na herufi mbili mbili, zinanitia hofu. Anayezisaini ni mtu asiyejulikana, na ujumbe wako wote unapita kwenye msimbo alioushika yeye. Wateja huniomba niwawekee. Huwa nakataa, na nawaeleza kwa nini.

Kwa simu za skuli nimefanya hivi: kila faili nimelishusha kwa mtengenezaji mwenyewe au F-Droid, nikalipitisha kwenye apksigner ili nione alama ya cheti, ule mstari mrefu wa SHA-256, kisha nikaulinganisha na ule ambao mtengenezaji ameuchapisha. Nimeyanakili yote kwenye daftari. Jambo la kuangaliwa: F-Droid kwa kawaida hujenga programu yenyewe kutoka kwenye msimbo ulio wazi na kuisaini kwa ufunguo wake, hivyo programu ileile kutoka Play ina saini tofauti na hizo mbili hazirithiani. Kuhama kutoka moja kwenda nyingine kunadai kufuta kwanza, na data za ndani zinapotea zisipohifadhiwa. Chagua chanzo kimoja, kaa nacho.

Nimeandika pia kwamba saini zenyewe zina vizazi. Ile ya kwanza ilihakiki mafaili ya ndani moja moja. Ya pili, iliyokuja na Android 7.0, inahakiki kifurushi kizima. Mwaka 2017 ilitangazwa kasoro iliyopewa jina la Janus, ambayo iliwezesha msimbo kubandikwa mbele ya APK yenye saini ya kizazi cha kwanza bila saini kuvunjika. Simu iliyobaki kwenye mfumo wa kiwanda wa 6.0.1 haiijui kabisa saini ya kizazi cha pili. Hii ya LineageOS inaijua. Wanaosema kuflashi kunaidhoofisha simu wangetazama na upande huu.

Jumapili, 21 Septemba

Kiwix imenionyesha jambo ambalo sikulitarajia kwa programu ya elimu.

Vitabu vyake ni mafaili ya ZIM. Unaweka faili la Wikipedia ya Kiswahili kwenye kadi, unalifungua, basi. Kadi nilizonazo zimeumbizwa kwa FAT32, ambayo haipokei faili moja linalozidi GB 4, kwa hiyo kubwa nimeziumbiza upya kwa exFAT. Hadi hapo ni kazi ya kawaida.

Ila toleo la Kiwix lililoko duka la Play halina uhuru wa kusoma mafaili ya ZIM popote yalipo kwenye simu. Sheria za duka zinaibana ruhusa ya kufikia mafaili yote kuanzia Android 11, na programu ya kusomea vitabu vilivyobebwa kwa kadi imejikuta imenaswa pamoja na zile zilizokusudiwa. Watengenezaji wake wanaliweka toleo kamili nje ya duka, na wenyewe wanamwelekeza msomaji huko. Kwa skuli isiyo na mtandao, toleo la nje ya duka ndilo lenye maana, kwa sababu kadi ndiyo maktaba.

Sidai kwamba duka lina nia mbaya. Kuna programu nyingi zinazoiba picha za watu kwa kutumia ruhusa hiyohiyo. Nasema tu kwamba mlinzi mmoja wa dunia nzima hawezi kuijua kila hali, na darasa la Ng'ambo lenye kadi ya kumbukumbu ni mojawapo ya hali asizozijua. Lazima pawe na mlango wa pili.

Alhamisi, 25 Septemba

Bi mkubwa wa mtaani ameleta simu yenye Android 6 ya kiwanda. Shida yake: kila tovuti inamwambia muunganisho si salama, na redio yake ya mtandaoni imenyamaza.

Tarehe ya simu ni sahihi. Sababu iko kwenye vyeti. Tovuti nyingi duniani zinatumia vyeti vya bure vya Let's Encrypt. Cheti mama cha zamani kilichoziunganisha tovuti hizo na simu kongwe kiliisha muda 30 Septemba 2021. Simu zilizo chini ya Android 7.1.1 hazikijui cheti mama kipya, ISRG Root X1. Kulikuwa na daraja la muda lililozivusha, nalo liliisha Septemba 2024. Hakuna kilichoharibika ndani ya simu hiyo. Orodha ya vyeti inavyoviamini iligandishwa siku kiwanda kilipoacha kuitolea masasisho.

Nimemwekea Firefox, ambayo inabeba orodha yake yenyewe ya vyeti badala ya kutegemea ya simu. Tovuti zimefunguka na redio anaisikiliza humohumo. Modeli yake haina LineageOS, kwa hiyo hapo ndipo msaada wangu ulipofika.

“Kumbe haikuwa mbovu, mwanangu?”

“Si mbovu, bibi. Iliachwa nyuma.”

Jumanne, 30 Septemba

Nimesoma kwa utulivu mpango ambao Google iliutangaza 25 Agosti. Kuanzia Septemba 2026, nchini Brazili, Indonesia, Singapore na Thailand, programu yoyote itakayosakinishwa kwenye simu ya Android iliyothibitishwa na Google itabidi iwe imesajiliwa na mtengenezaji aliyehakikiwa utambulisho wake, hata ikiwa haipitii duka la Play. Kuanzia 2027 utaratibu utaenea duniani. Sababu waliyoitoa ni kwamba wamekuta programu hasidi zaidi ya mara 50 katika vyanzo vya mtandaoni vya nje kuliko ndani ya Play.

Nimeshika simu zilizoibiwa pesa kwa programu za bandia, na siwezi kuidharau sababu hiyo. Mtu aliyekopeshwa na programu ya wezi, kisha orodha yake ya majina ikatumiwa kumwaibisha kwa ndugu zake, anastahili ulinzi.

Lakini angalia kinachobadilika. Hadi leo saini inamwambia mwenye simu jambo moja: faili hili limetoka kwa yuleyule aliyetoa la mwanzo. Uamuzi wa kumwamini unabaki kwangu. Chini ya mpango huu saini yenyewe itahitaji ruhusa ya kampuni moja kabla simu yangu haijaitambua. F-Droid wametoa tamko wiki hii kwamba hawawezi kuwalazimisha watengenezaji wa kujitolea wajisajili kwa Google, wala hawawezi kuyasajili majina ya programu za wenzao kana kwamba ni zao, na kwamba mpango ukitekelezwa hivyo utaumaliza mradi wao kwa namna tunavyoujua.

Simu zangu za skuli haziguswi moja kwa moja, kwa kuwa LineageOS haijathibitishwa na Google. Zitaumia kwa njia nyingine. Mtengenezaji wa programu ndogo ya bure anawatumikia watu wengi wenye simu za kawaida, na sisi wa mifumo ya kujitegemea tunakula kwenye sahani hiyohiyo. Wale wa kawaida wakizuiwa, atakayeendelea kutengeneza ni nani?

Sasa naweza kuliandika lile nililokuwa nikilitafuta tangu tarehe 1. Kuna kukataa kwa aina mbili. Prosesa ya biti 32, kiini cha 3.4, kipande kinachokosekana: hapo ni mashine inayokataa, na mashine hupatiwa jibu au hukubaliwa ukomo wake. Orodha ya vyeti iliyogandishwa, ruhusa iliyobanwa kwa wote, saini inayosubiri idhini: hapo anakataa mtu, kwa uamuzi, naye anaweza kuamua vingine. Fundi akimwambia mteja kwamba simu imezeeka anazichanganya aina hizo mbili, na anamficha aliyeamua.

Jumamosi, 4 Oktoba

Mteja aliyeflashiwa simu wiki iliyopita amerudi. Programu ya benki yake inafunguka, inaikagua simu, kisha inajifunga kwa kusema kifaa si salama. Inaiuliza Google kama mfumo ni wa kiwanda na kama butiloda, programu inayouwasha mfumo, imefungwa, na jibu ni hapana. Haitazami kwamba mfumo wake wa sasa una marekebisho ya usalama ambayo ule wa kiwanda haukuyapata kamwe.

Zipo njia za kuidanganya programu ya benki. Sizifanyi kwenye simu ya mteja, maana pesa zikipotea hatakuwa na wa kumlalamikia. Nimemwonyesha menyu ya nyota na reli, inayofanya kazi kwenye simu yoyote yenye laini, hata ya batani. Malipo yake ya kila siku yanapita hapo. Kwa wale ambao benki ndiyo kazi yao, sasa nawaeleza jambo hili kabla sijagusa waya.

Jumamosi, 8 Novemba

Intaneti ilikatika nchini siku ya uchaguzi, 29 Oktoba, na ilikaa siku kadhaa. Sasa imerudi. Yaliyotokea siku hizo ni mazito na wenye kuyaandika wataandika. Mimi naandika la mezani kwangu.

Watu walikuja na simu mpya, za bei, zilizogeuka tupu mikononi mwao. Walichotaka ni ramani, kamusi, kitu cha kuwasomea watoto waliofungiwa ndani. Duka la programu halikufunguka kwa yeyote. Diski yangu ilikuwa na mafaili yote ya skuli, mazima, yamehakikiwa, na alama za saini zikiwa kwenye daftari. Niliwasakinishia walioweza kufika, kwa waya na kwa kadi. Simu zao zilithibitisha saini bila kuuliza mtandao, kwa sababu hesabu ya saini hufanyika ndani ya simu yenyewe.

Utaratibu ambao kila faili linahitaji kuulizwa kwa mtu wa mbali una gharama ambayo haionekani siku mtandao ukiwa mzuri. Sisi tumeshaiona.

Jumamosi, 15 Novemba

Google imesema wiki hii kwamba itaandaa njia maalumu kwa watumiaji wenye uzoefu, ili waweze kusakinisha programu zisizohakikiwa baada ya kuonywa. Waliopaza sauti wamesikika kiasi, na nimefurahi. Namna njia hiyo itakavyokuwa ndiyo itakayoamua. Ikiwa ni onyo la wazi analoweza kulisoma mtu mzima na kuamua, nitaiunga mkono. Ikiwa ni msitu wa hatua uliokusudiwa kumchosha, itakuwa katazo kwa jina jingine.

Simu zimeshapokelewa skuli. Maalim ameanza na pendulamu: simu inaning'inizwa kwa uzi, phyphox inachora mawimbi, wanafunzi wanakokotoa mvuto wa dunia wenyewe. Ameniomba nije kila mwezi kuweka masasisho.

Nimemwambia kwamba nitakuja, ila kazi hiyo ningependa iwe somo. Uhuru wa kusakinisha unamfaa tu anayejua kukagua. Asiye na ujuzi huo atahitaji mlinzi, na mlinzi akishazoea kumwamulia hatamrudishia uamuzi. Kwa hiyo nimeandaa ukurasa mmoja wa Kiswahili chepesi: faili limetoka wapi, jina lake rasmi ni lipi, linaomba ruhusa gani, alama ya saini ni ipi, na inalingana na iliyoandikwa daftarini au la. Mwanafunzi akijibu yote matano, anasakinisha. Likibaki moja bila jibu, hasakinishi, hata faili liwe limetoka kwangu.

Somo la kwanza ni Jumatatu. Daftari la alama litabaki skuli, na mwandiko utakuwa wao.